Subira ya Safinius

Jogoo wa jirani alikuwa bado hajawika niliposikia mnyororo wa mbwa ukisogea juu ya mawe ya ukumbini. Mbwa akijikuna huuburuta ovyo, kisha hunyamaza. Huu ulikuwa ukikusanywa na mkono wa mtu, pete baada ya pete, ili usilie.

Nilikuwa nimelala nje ya mlango wa chumba cha Petilia, kwenye godoro langu la majani, kama nilivyolala tangu siku alipoolewa. Mimi ndiye niliyemnyonyesha, maana mama yake alifariki akimzaa. Alipokwenda kwa mumewe, baba yake alinitoa niende naye, pamoja na masanduku na kitanda. Usiku ule ndani ya chumba hakuwa peke yake. Alikuwa na Tettius.

Sitawaficha. Safinius, mume wa Petilia, alikuwa ametuaga kwamba anakwenda shambani Veyi kuangalia mizeituni ikipogolewa. Tettius akaja jioni, akaingia kwa mlango wa nyuma, akanisalimu kwanza mimi mtumwa kama anayemsalimu mama yake. Hivyo ndivyo alivyokuwa sikuzote. Ndiye aliyetangulia kumposa Petilia zamani, lakini baba mtu alikataa, akisema hawezi kumpa binti yake mjukuu wa mtumwa aliyeachwa huru. Akampa Safinius, mwenye jina la kale na moyo wa jiwe.

Niliinuka nigonge mlango niwaamshe. Sikuwahi. Mkono uliniziba mdomo kutoka nyuma, mkono wenye pete, na nikajua ni Safinius.

"Kelele moja tu, bibi kizee, nakuvunja shingo," alininong'oneza.

Nyuma yake walikuja watu watatu na taa. Wawili walikuwa majirani wetu, mmoja Opsius, yule mnene wa nyumba ya kona, wamevaa nguo zao nyeupe za mahakamani na nywele wamezichana vizuri. Mtu aliyeamshwa kwa ghafla hachani nywele. Wa tatu alikuwa Bwana Petilius, baba yake Petilia wangu. Alikuwa amerudi juzi tu kutoka Hispania alikonunua mafuta, uso bado umeungua jua la melini. Mkononi alikuwa na kisu.

"Mwache mama wa watu apumue," Bwana Petilius alisema. Hata katika saa ile alinitazama, akaona ninavyohangaika.

Safinius aliniachia. Kisha akausukuma mlango kwa mguu.

Petilia aliketi kitandani ghafla, shuka limemfika kifuani. Tettius alisimama mbele yake akiwa na kanzu ya ndani tu, mikono mitupu. Taa iliwamulika wote wawili, na hapakuwa na neno ambalo mtu angeweza kusema lingebadilisha kilichoonekana.

"Karibu, mkwe," alisema Safinius. "Jionee mwenyewe. Huyo ndiye binti yako. Mzinzi! Opsius, mmeona nyote?"

"Tumeona," alisema Opsius, akitazama sakafu.

Bwana Petilius alivua joho lake, akapita mbele ya Tettius kama anayepita mbele ya nguzo, akamfunika binti yake mabega, akalifunga vizuri chini ya kidevu, maana palikuwa na wanaume wageni mle chumbani. Ndipo akarudi nyuma hatua moja, akakiinua kisu. Niliwaza: mtu gani huyu, anamfunika mtoto asipate baridi, kisha amuue?

"Mkwe, mimi sheria imenifunga mikono," alisema Safinius, na sauti yake ilikuwa laini kama ya muuza vitambaa. "Angekuwa mtumwa, au mwigizaji wa jukwaani, ningemmaliza mwenyewe papa hapa. Lakini huyu kazaliwa huru. Nikimgusa, mimi ndiye muuaji. Wewe ni baba. Umewafumania ndani ya nyumba ya mkweo. Wewe umeruhusiwa."

"Nimeruhusiwa nini?"

"Unajua."

"Nataka nikusikie ukisema."

"Kuwaua. Lakini wote wawili, kwa hasira moja, bila kupumzika katikati. Ukimuua huyu ukamwacha binti, sheria itakuita muuaji wa kawaida. Wote wawili, au asiguswe hata mmoja."

Tettius alipiga magoti. "Mzee wangu, kama ni damu unataka, chukua yangu. Mimi ndiye niliyekuja hapa. Yeye hakuniita."

"Nilimwita," alisema Petilia.

"Petilia, nyamaza."

"Sinyamazi. Nilimwita, Baba. Nilimwita tangu nikiwa binti wa nyumbani kwako, na wewe ndiye uliyemfungia mlango."

"Yako peke yake siwezi kuichukua, kijana," baba mtu alimwambia Tettius. "Umesikia mwenyewe. Nikianza, lazima nimalize."

Petilia alishuka kitandani. Alizikusanya nywele zake zote kwa mkono mmoja, akazileta mbele ya bega, akapiga magoti kando ya Tettius na kuinamisha kichwa.

"Basi anza na mimi," alisema. "Ukianza na yeye, nitaona. Sitaki kuona."

Tettius aligeuka akamtazama. Nimeishi miaka mingi, nimeona wachumba wakitazamana mbele ya madhabahu, nimeona mama wakitazama watoto wao wanaokwenda vitani. Sijaona tena macho kama yale. Hayakuwa na hofu. Yalikuwa kama ya mtu anayesoma kitu polepole ili asikisahau. Petilia naye alimrudishia macho hayo hayo, kisha akatabasamu kidogo upande mmoja, kama alivyokuwa akinitabasamia mimi alipokuwa mdogo na ameiba asali.

Kisu kilikuwa juu. Nilianguka miguuni pake nikaushika upindo wa nguo yake. Sikuuachia.

"Unangoja nini?" Safinius aliuliza.

Akapiga mguu sakafuni.

"Mkwe, unangoja nini? Kunakucha!"

"Naomba uninyamazie," alisema Bwana Petilius.

"Ninyamaze? Mimi?" Sasa ule ulaini ulimtoka. Mate yalimruka. "Mimi nimenyamaza vya kutosha! Unadhani wewe ndiye wa kungoja? Nimengoja tangu mavuno ya zabibu! Nilimwona mbwa huyu akitoka kwa mlango wa nyuma, kwa macho yangu haya, na nikanyamaza. Nimekula meza moja na mwanao huyu! Nimecheka naye, nimelala naye kitanda kimoja, nimemnunulia hata viatu vya sikukuu, nikangoja meli yako irudi kutoka Hispania. Kwa nini? Kwa sababu adhabu ya mahakama, kumhamishia kisiwani, hainitoshi! Sitaki apelekwe kisiwani akavue samaki. Nataka afe, na mikono yangu ibaki safi. Hiyo ndiyo subira ya mwanamume. Sasa fanya kazi yako!"

Opsius alikohoa. "Safinius," alisema polepole, "ungenyamaza."

"Kwa nini ninyamaze ndani ya nyumba yangu?"

Kisu kilishuka, kikalala ubavuni mwa Bwana Petilius. Alimgeukia mkwewe, na nilimwona akitulia kama mtu aliyepata kiti baada ya safari ndefu.

"Tangu mavuno ya zabibu," alisema.

"Ndiyo! Tangu..." Hapo Safinius alisita. Rangi ikamwisha usoni, ikianzia midomoni.

"Opsius, umesikia alichosema?"

"Nimesikia. Naapa kwa Herkule, ningependa nisingesikia."

"Na wewe, jirani?"

"Nimesikia," alisema yule wa pili.

"Sijawaleta mimi mashahidi hawa," Bwana Petilius alisema. "Umewaleta mwenyewe, umewachana nywele. Sasa nifundishe sheria, mkwe, maana leo umekuwa mwalimu. Mume akijua kwamba mke wake ana mtu, asimwache, asimshitaki, bali aendelee kula naye na kulala naye miezi na miezi, mume huyo anaitwaje?"

Safinius alirudi nyuma mpaka mlangoni.

"Kuwadi," alisema Petilia akiwa bado magotini. Kisha akacheka. Kicheko kile kilinitisha kuliko kisu. Alisimama, joho la baba yake likiburuta chini, akamwendea mumewe mpaka pua zao zikakaribiana.

"Umeniita mzinzi. Sawa, ni jina langu, nimelifanyia kazi. Lakini wewe kila jua likizama ulikuwa jikoni kwa Chreste, kijakazi wako, naye analia na sisi sote tunasikia, na asubuhi analeta maji ya kunawa akiwa amevimba macho. Hilo linaitwaje, Safinius? Nimetafuta neno. Nimeuliza. Halina jina! Mke akipenda, kuna jina, kuna mahakama, kuna kisiwa. Mume akimvunja kijakazi wake, hakuna hata neno la kumtukana. Nimekaa nyumbani kwako nikiona wivu, nakwambia kweli, wivu juu yako, wewe usiye na jina baya. Na leo, miungu ya nyumba hii ni mashahidi, umejipa jina kwa kinywa chako. Kuwadi. Kuwadi wa mke wake mwenyewe!"

"Petilia, tahadhari..."

"Kuwadi! Ngoja nifungue dirisha muuza mkate naye asikie."

"Mkinipeleka mahakamani," alisema Safinius haraka, akimgeukia baba mtu, "mtaanguka nami. Siku nitakapohukumiwa, mlango utakuwa wazi kwa mpita njia yeyote kumshitaki binti yako. Kisheria hatanusurika. Na huyu kizee mlezi wake watamtundika na kumchapa mpaka aseme kila kitu, maana ushahidi wa mtumwa hauchukuliwi bila mateso. Fikiri, mkwe."

Tettius, ambaye hakuna aliyekuwa akimtazama tena, alikuja akanishika mkono, akaniketisha juu ya sanduku.

"Na uwe wazi huo mlango!" alisema Petilia. "Mshitaki, Baba. Mimi mwanamke siruhusiwi, basi simama wewe useme kwa niaba yangu. Wanipeleke mimi kisiwa kimoja, naye Safinius kingine, nile samaki wa chumvi mpaka nife, mradi kila asubuhi nikiamka nijue kwamba na yeye anaitwa jina lake. Mshitaki!"

"Hapana."

"Baba!"

"Sijakuua kwa kisu. Sitakuua kwa maneno." Bwana Petilius alipangusa uso kwa kiganja. "Na yaya wako? Umemsahau? Utamnunulia kisasi chako kwa mgongo wake?"

Petilia alinitazama. Nilitaka kumwambia asinijali, mwili wangu umeshazeeka. Lakini nilikuwa naogopa, na mtoto uliyemnyonyesha huwezi kumdanganya. Aliona. Alifumba macho, na nilimwona akimeza ile hasira kama dawa chungu.

"Haya," alisema. "Basi nina masharti yangu."

"Yataje," alisema baba yake.

"Anipe talaka leo, mbele ya mashahidi kamili, jua likiwa juu. Yaya anakuja na mimi. Na Chreste anakuja na mimi pia."

"Chreste ni mali yangu," alisema Safinius.

"Kuwadi," alisema Petilia kwa upole.

"Mchukue."

"Na wakikuuliza sababu, utasema kosa ni la nani?"

Safinius alikaza meno. Opsius, masikini, alijifanya anaangalia utambi wa taa.

"La nani, Safinius? Fanya mazoezi."

"Langu."

"Sisikii vizuri. Yaya, wewe umesikia?"

"Sikusikia, mwanangu," nilisema, na Yuno, mungu wa ndoa, anisamehe, nilifurahi.

"Langu!" alipiga kelele. "Kosa ni langu!"

Kulikuwa kunapambazuka. Ilibidi Tettius aondoke kabla majirani wengine hawajaitwa kushuhudia talaka. Bwana Petilius alimwambia, bila kumtazama, kwamba kuna meli ya kwenda Narbo, mji wa ng'ambo, inaondoka bandari ya Ostia, na kwamba asionekane Roma mpaka muda wa watu kushitaki upite. Tettius alikubali. Nilimletea joho lake na kipande cha mkate, maana mtu hapaswi kuanza safari na tumbo tupu hata kama ni mgoni.

Waliagana ukumbini, baba mtu amewapa kisogo makusudi. Nilihesabu huo kuwa wema wake mwingine alfajiri ile.

"Utaningoja?" Tettius aliuliza.

"Usilitaje neno hilo katika nyumba hii," alisema Petilia. "Wewe nenda. Urudi ukiwa hai. Mengine nitajua mwenyewe."

Aliugusa uso wa Tettius kwa ncha za vidole, paji, pua, midomo, kama kipofu. Kisha akampisha.

Jua lilipopanda, mashahidi walikusanyika, na Safinius akatamka yale maneno ya talaka, "Chukua vyako," mbele ya watu waliokuwa wameshika bado vipande vya mkate wao wa asubuhi. Mzee mmoja akauliza kosa ni la nani. Safinius akajibu alivyofundishwa. Petilia alimsikiliza kichwa juu, akapita mlangoni na Chreste upande mmoja na mimi upande mwingine, na hakugeuka nyuma.

Lakini hakwenda kwa baba yake. Pale njia panda, machela ya baba yake yalipoelekea mlimani Aventino, alishuka, akaomba gari la nyumbu.

"Unakwenda wapi?" Bwana Petilius aliuliza.

"Kwa shangazi, Tiburi."

"Nyumba yako ipo."

"Ipo. Na wewe umo ndani."

Nilimwona baba yule amesimama katikati ya barabara, watu wa sokoni wakimsukuma huku na huku, mkono umeshika hewa.

Kule Tiburi tuliishi kwa utulivu. Shangazi alitupa chumba kinachotazama mto, Chreste akaanza kulala usingizi mpaka asubuhi, na Petilia akasuka kitambaa kama mtu anayelipiza kisasi kwa nyuzi. Barua za baba yake alizirudisha bila kuzifungua. Nilimwambia, "Mwanangu, mzee yule alikufunika." Akanijibu, "Alinifunika, yaya, kisha akainua kisu. Unataka nikumbuke lipi?"

Siku moja mchana Bwana Petilius alikuja mwenyewe, bila mtumwa, na kikapu cha mapeasi alichokibeba kwa mkono wake. Alikuwa amekonda. Shangazi alimwingiza uani, akatuacha. Petilia aliendelea kusuka. Mzee aliketi kwenye kibao cha chini, kile wanachokalia watumwa.

"Tettius amefika salama," alisema. "Nahodha ninamfahamu. Nilimwomba amwangalie."

Mikono ya Petilia ilisita kwenye nyuzi, ikaendelea.

"Asante."

"Safinius haalikwi tena popote. Opsius alinyamaza, lakini mke wake hakunyamaza. Watoto wanamwimbia lile jina mtaani akipita."

"Vizuri. Na waimbe mpaka wazeeke."

"Petilia..."

"Swali langu ni moja tu, Baba." Aliacha kusuka, akamgeukia, na uso wake ulikuwa mweupe. "Asingeropoka yule mpumbavu. Angenyamaza tu. Ungenichinja?"

Mzee alitazama mikono yake. Nilimwomba moyoni aseme hapana. Neno moja tu, la uongo au la kweli, na binti angelia na mambo yangekwisha.

"Sijui," alisema.

Maji ya mto yalisikika chini yetu.

"Kila usiku najiuliza," alisema. "Naiona shingo yako na zile nywele ulizozisogeza mwenyewe ili kunirahisishia kazi. Najiambia, nisingeweza. Kisha nakumbuka mkono wangu ulikuwa juu, na haukuinuliwa na Safinius. Ningeweza kukudanganya. Nimekuja njia nzima kutoka Roma nikijifunza uongo huo. Nimeshindwa."

Petilia alisimama. Nilidhani anaondoka. Alikwenda mpaka pale kibaoni, akamwinamia, na machozi yalikuwa yakimtiririka bila sauti.

"Yule mwingine nimeshamlipa," alisema. "Sasa nakulipa wewe. Siku Tettius akirudi, utamfungulia mlango wewe mwenyewe, si bawabu. Utamkalisha mahali pa heshima, na utamwita mwanangu."

"Nitafanya."

"Sijamaliza." Alichukua peasi moja kapuni, akalishika bila kulila. "Sikusamehi leo, Baba. Sijui ni lini. Lakini hutajificha Roma ukanililia kwa barua. Utakuja hapa, utaketi kwenye kibao hicho, na utanitazama shingo hii, iko nzima, mpaka ujue jibu la swali langu."

"Na nikilijua?"

Alikaa chini kwenye mawe, karibu na magoti ya mzee, akamgeuzia mgongo kama alivyokuwa akifanya utotoni alipotaka asukwe nywele.

"Kesho kutwa ni siku ya soko," alisema. "Barabara itakuwa na magari mengi, toka mapema. Uje tena, Baba."